FitzRoy: Baharia aliyekejeliwa kwa kutabiri dhoruba

ROBERT FitzRoy, afisa wa jeshi la majini la Uingereza aliyezaliwa 1805, anafahamika zaidi kama nahodha wa merikebu ya Beagle iliyomchukua mwanasayansi Charles Darwin kuzunguka dunia kati ya 1831 na 1836. Hata hivyo, mchango wake mkubwa ulihusu hali ya hewa.

Mnamo 1854 alikabidhiwa idara ndogo ya kukusanya takwimu za hali ya hewa baharini. Oktoba 1859, dhoruba iliiangamiza meli ya Royal Charter karibu na kisiwa cha Anglesey, Wales, na watu zaidi ya 400 wakafa maji.

FitzRoy aliamini kwamba maafa ya aina hiyo yangeweza kuepukwa. Alivitaka vituo vya pwani vimpelekee vipimo kwa telegrafu, na 1861 akaanza kutoa tahadhari za dhoruba bandarini, kisha utabiri wa kila siku katika gazeti la The Times.

Kila utabiri ulipokosea, alikejeliwa. Akiwa amelemewa na madeni, maradhi na huzuni, alijitoa uhai Aprili 30, 1865.

Tahadhari hizo zilisitishwa 1866, lakini malalamishi ya watu wa bandarini yakafanya zirejeshwe mwaka uliofuata. Mnamo 2002, eneo la bahari lililoitwa Finisterre katika utabiri wa Uingereza lilipewa jina lake.