Natsume Soseki

Natsume Soseki (jina la kuzaliwa: Natsume Kinnosuke, 9 Februari 1867 – 9 Desemba 1916) alikuwa mwandishi na mwalimu wa fasihi kutoka nchini Japani. Anajulikana zaidi kwa riwaya zake, kama vile Kokoro (1914), lakini kabla ya kuwa mwandishi alihangaika miaka mingi na swali moja: fasihi ni nini?

Maisha

Alizaliwa Edo, mji unaoitwa leo Tokyo. Alipokuwa mdogo alitolewa kulelewa na familia nyingine, akarudi kwao akiwa na miaka tisa hivi. Ujanani alipenda vitabu vya kale vya Kichina. Baadaye alisomea fasihi ya Kiingereza chuo kikuu, akahitimu mwaka 1893, lakini hakuridhika. Aliona kwamba fasihi ya Wachina na ile ya Waingereza si kitu kimoja, ingawa zinaitwa kwa jina moja.

Mwaka 1900 serikali ilimpeleka Uingereza kusoma. Posho ilikuwa ndogo, na Cambridge ilikuwa ghali mno. Alibaki London, akafundishwa kwa muda na William Craig, mtaalamu wa Shakespeare, na pesa nyingi akanunulia vitabu. Mwishowe alijifungia chumbani akisoma saikolojia na elimujamii, kwa kuwa aliamini kwamba huwezi kujua fasihi ni nini kwa kusoma fasihi peke yake. Uvumi ukafika Japani kuwa amerukwa na akili.

Vitabu kuhusu fasihi

Aliporudi mwaka 1903 alichukua nafasi ya Lafcadio Hearn katika Chuo Kikuu cha Tokyo. Wanafunzi waliompenda Hearn waliona mihadhara ya Soseki mikavu. Mihadhara hiyo ilitolewa kama kitabu, Bungakuron, mwaka 1907. Humo anaeleza fasihi kwa alama F+f: F ni wazo au taswira iliyo akilini, f ni hisia inayoambatana nayo. Wazo la pembetatu lina F tu, kwa hiyo si fasihi.

Mwenyewe alikihesabu kitabu hicho kuwa kazi iliyoshindikana. Bungaku Hyoron (1909), kuhusu waandishi Waingereza wa karne ya 18 kama Swift na Defoe, ni chepesi zaidi kusoma.

Mwaka 1907 aliacha chuo kikuu akaajiriwa na gazeti la Asahi kuandika riwaya. Mwaka 1911 alikataa shahada ya udaktari aliyopewa na serikali. Alifariki kwa vidonda vya tumbo, riwaya yake Meian ikiwa haijakamilika.