Eiji Tsuburaya, fundi nyuma ya Godzilla

Eiji Tsuburaya alizaliwa mwaka 1901 mjini Sukagawa, Japani. Utotoni alipenda ndege. Ujanani akawa mpiga picha wa filamu. Alipoitazama King Kong ya mwaka 1933, aliazimia kuunda kwa mikono yake vitu ambavyo kamera haiwezi kuvikuta popote.

Mwaka 1942, wakati wa vita, aliunda mfano mdogo wa bandari ya Pearl Harbor kwa filamu ya kulisifu jeshi. Ufundi ulisifiwa, lakini ulitumikia vita. Japani iliposhindwa, chini ya utawala wa Marekani, aliondolewa studio ya Toho mwaka 1948.

Baadaye alirudi. Mwaka 1954, akishirikiana na mwongozaji Ishiro Honda, alitengeneza Godzilla, zimwi lililoamshwa na mabomu ya nyuklia. Mtu aliyevaa vazi la zimwi alikanyaga Tokyo ya vijumba vidogo, na watazamaji wakakumbuka miji yao iliyoteketea. Mwaka 1966 kampuni yake iliwapa watoto Ultraman, mtetezi wa wanyonge.

Tsuburaya, aliyekuwa Mkatoliki, alifariki mwaka 1970. Mikono ilikuwa ileile. Ndugu msomaji, kipaji chako kinamtumikia nani?