Gwendolyn Brooks (1917–2000)

Mshairi huyu alizaliwa Topeka, Kansas, nchini Marekani, akakulia Chicago. Shairi lake la kwanza lilichapishwa akiwa na miaka 13. Diwani ya A Street in Bronzeville (1945) inahusu majirani zake: wapangaji wa vyumba vidogo, wasichana wa saluni, askari weusi. Mwaka 1950 alipata Tuzo ya Pulitzer, Mmarekani mweusi wa kwanza kuipata. Habari zilimkuta gizani, umeme umekatwa kwa kutolipiwa. (Angalia: tuzo ilitolewa kwa diwani ya pili, Annie Allen, si ya kwanza. Wengi hukosea hapa.)

Mwaka 1967 alihudhuria mkutano wa waandishi weusi katika Chuo Kikuu cha Fisk. Ari ya vijana aliowakuta huko ilimbadilisha. Akaiacha Harper & Row, kampuni kubwa iliyomchapisha kwa zaidi ya miaka 20, akahamia Broadside Press, kampuni ndogo ya weusi mjini Detroit. Ni wachache wenye jina kama lake wangethubutu. Mwaka 1971 alizuru Afrika Mashariki.

Tangu 1968 hadi kufa kwake alikuwa mshairi rasmi wa Illinois. Zawadi za mashindano ya ushairi ya wanafunzi alizitoa mfukoni mwake.