Barbara Kimenye: Mwandishi wa Moses aliyehama na wasomaji wake

BWERA, Kasese – Wazazi wengi wanaovusha bidhaa zao Mpondwe walimsoma Moses wakiwa shuleni. Aliyemwandika, Barbara Kimenye, alivuka mipaka mingi kabla ya kuwapa vijana wa Afrika Mashariki mfululizo huo wa hadithi.

Kimenye alizaliwa mwaka 1929 huko Halifax, Uingereza, akasomea uuguzi London. Aliolewa na kijana wa Bukoba, wakaenda kuishi Tanganyika. Ndoa ilipovunjika katikati ya miaka ya 1950, alihamia Kampala. Alifanya kazi katika serikali ya Kabaka wa Buganda, kisha akawa mwandishi wa habari wa gazeti la Uganda Nation. Mwaka 1965 alihamia Nairobi, na mwaka huo kikatoka kitabu cha Kalasanda, chenye hadithi za kijiji cha Buganda.

Sifa kubwa aliipata kwa Moses, mfululizo ulioanza mwishoni mwa miaka ya 1960. Moses ni mwanafunzi mtundu katika shule ya bweni ya Mukibi, kimbilio la wavulana walioshindikana kwingine. Rafiki yake ni King Kong. Msomaji wa Kasese hakuhitaji kuelezwa kengele ya alfajiri wala adhabu ya mwalimu wa zamu. Aliyaishi hayo kila muhula.

Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika mwaka 1977, lakini Moses aliendelea kusomwa Uganda, Kenya na Tanzania. Vitabu vya Kimenye viliuza zaidi ya nakala milioni moja. Yeye mwenyewe alirudi London mwaka 1975, akaja tena Uganda mwaka 1986, akaishi Kenya, na hatimaye akafariki London Agosti 2012.

Miaka 10 baadaye, Kongo ilijiunga na Jumuiya. Hata hivyo, ng'ambo ya mto Lhubiriha, upande wa Kasindi, watoto hufundishwa kwa Kifaransa, na Kimenye aliandika kwa Kiingereza. Sokoni Mpondwe, Mganda na Mkongo huelewana bei kwa Kiswahili. Samaki, mchele na vitenge vimeshapata njia. Hadithi za vijana, zilizoandikwa kwa lugha hiyohiyo ya sokoni, bado zinamsubiri wa kuziandika na wa kuzivusha.