Sohrab Shahid Saless: Mwongozaji wa filamu aliyefia ugenini

Sohrab Shahid Saless alifariki dunia mjini Chicago, Marekani, mwezi Julai 1998, akiwa na umri wa miaka 54. Zaidi ya miaka 20 ya maisha yake aliipitisha mbali na Iran. Hata hivyo, filamu ndefu mbili alizozitengeneza nchini mwake zilitosha kuifungulia sinema ya Iran njia mpya.

Alizaliwa Tehran mwaka 1944, akasomea filamu Vienna na Paris. Aliporejea nyumbani alianza na filamu fupi za maisha halisi. Wakati huo majumba ya sinema ya Iran yalijaa filamu za nyimbo, ngumi na mapenzi. Yeye alifuata njia nyingine. Filamu yake ya mwaka 1973, Tukio la Kawaida, inamfuata mtoto wa shule katika pwani ya Bahari ya Kaspi, ambaye baba yake anavua samaki kwa magendo na mama yake ni mgonjwa. Mama anapofariki, maisha yanaendelea kama jana, na hapo ndipo uchungu wa filamu hiyo ulipo.

Mwaka uliofuata akatoa Maisha Yasiyo na Mwendo. Mzee aliyelinda kivuko cha reli kwa miongo mitatu analetewa barua ya kustaafishwa, huku mkewe akiendelea kufuma mazulia. Hakuna vita wala kilio. Mna chai, ukimya na treni zinazopita. Filamu hiyo ilitunukiwa Dubu wa Fedha katika Tamasha la Filamu la Berlin mwaka 1974.

Lakini sifa za ugenini hazikumpa uhuru nyumbani. Katika zama za utawala wa Shah, wenye mamlaka hawakufurahia kuuona umaskini wa wananchi ukioneshwa waziwazi. Akahamia Ujerumani Magharibi, na mwaka 1975 akatoa Ugenini, kisa cha mfanyakazi wa kiwandani kutoka Uturuki anayeishi Berlin bila mtu wa kumfungulia moyo. Huko alitengeneza filamu zaidi ya kumi, baadhi kwa ajili ya televisheni. Miongoni mwake ni Utopia ya mwaka 1983, inayohusu wanawake waliofungwa na maisha ya danguro, na filamu ya maisha ya Anton Chekhov, mwandishi wa Urusi aliyemhusudu mno.

Katika miaka ya 1990 alihamia Marekani. Huko nyuma, waongozaji waliomfuata, akiwemo Abbas Kiarostami, waliipeleka sinema tulivu ya Iran hadi kwenye majukwaa makubwa ya dunia. Shahid Saless alikuwa ametangulia kuilima njia hiyo, lakini hakujaliwa kuipita akiwa nyumbani. Mtu aliyewapa sura wale wasiotazamwa na yeyote, alimaliza safari yake akiwa mmoja wao.