Mwenda Jean Bosco: gitaa moja, lugha ya wengi

Wengi wetu tunaimba na gitaa kila Jumapili, lakini vijana wetu wachache wanalijua jina la Mwenda Jean Bosco. Huyu mwana wa Katanga ni kati ya Wakongomani wa kwanza ambao gitaa lao lilisikika mbali sana na nyumbani.

Alizaliwa mwaka 1930 huko Bunkeya, kwa Wayeke, watu ambao mababu zao walitoka Unyamwezi, Tanzania ya leo, na mfalme wao Msiri. Ndiyo maana baadaye alijiita pia Mwenda wa Bayeke. Alikulia karibu na Jadotville, mji tunaouita leo Likasi. Ulikuwa mji wa migodi ya shaba. Kampuni ya Union Minière ilikuwa imekusanya huko wafanyakazi wa makabila mengi, na ili waelewane walizungumza Kiswahili. Sisi wa Ituri tunaielewa hali hiyo, kwa sababu dhahabu ya Kilo na Moto ilikusanya watu hapa kwetu kwa namna hiyohiyo.

Mwaka 1952 Hugh Tracey, Mwingereza aliyezunguka Afrika akirekodi nyimbo za wenyeji, alimkuta Bosco huko Jadotville na kumrekodi. Kijana alikuwa na miaka 22. Hakuwa na bendi. Alikuwa na gitaa moja la kawaida, bila umeme, na alilipiga kwa vidole viwili tu, kidole gumba na cha shahada. Gumba lilishika nyuzi za chini, cha shahada kikatembeza sauti ya juu, hata msikilizaji akadhani wapigaji ni wawili. Wimbo wake Masanga ulipita mipaka haraka. Baadaye mtaalamu David Rycroft aliuchambua upigaji wake na kuuandika katika jarida la muziki wa Afrika.

Mwishoni mwa miaka ya 1950 Bosco alifika Nairobi, akasikika redioni, na wapiga gitaa wengi wa Kenya wakaanza kumfuata. Hakuhitaji mkalimani, maana Kiswahili cha migodi ya Katanga kilieleweka huko pia. Mwaka 1969 alialikwa Marekani kwenye tamasha la Newport. Pamoja na sifa hizo, muziki peke yake haukumlisha, naye alifanya kazi nyingine ili kuishi. Mwaka 1988 alirekodi tena, safari hii Cape Town. Mwezi wa Septemba 1990 alikufa kwa ajali ya gari nchini Zambia.

Bosco hakuwa mhubiri. Aliimba mambo ya mji, ya ndoa, ya maisha ya kila siku. Kwa nini basi tumkumbuke hapa?

Kwanza, kuna wazee wetu waliokataa gitaa lisiingie kanisani, wakiliona ni chombo cha baa. Leo kwaya haziwezi kuimba bila hilo. Kipaji kilikuwepo kabla hatujakipa nafasi, na leo pia wapo vijana wanaopiga nje ya mlango wetu wakingoja kuitwa ndani.

Pili, Bosco alikuwa Myeke, na Katanga yake ilipita katika vita vya kujitenga kuanzia 1960 hadi 1963. Hata hivyo nyimbo zake za Kiswahili hazikuwa mali ya kabila moja. Hapa Bunia tumezika watu wengi mno kwa sababu ya kuulizana wewe ni wa nani. Kwaya inayokusanya watoto wa pande zote mbili na kuwafundisha wimbo mmoja, katika lugha ambayo hakuna anayeweza kusema ni yake peke yake, inafanya kazi kubwa kuliko inavyojua. Viongozi wa kwaya, msiiache kazi hiyo.