Nat King Cole: Piano, Sauti na Televisheni

Ndugu msomaji, pengine umewahi kusikia redioni sauti ya Nat King Cole bila kulijua jina lake. Alikuwa Mmarekani Mweusi. Alizaliwa mwaka 1919 huko Montgomery, jimbo la Alabama. Alipokuwa bado mdogo wazazi wake walihamia Chicago. Baba yake alikuwa mhubiri. Mama yake alipiga kinanda kanisani, naye ndiye aliyemfundisha mwanawe.

Mwaka 1937 Nat alikuwa Los Angeles akitafuta riziki. Aliunda bendi ya watu watatu tu. Yeye alipiga piano, wa pili gitaa, wa tatu besi. Ngoma hawakuwa nayo.

Mwaka 1943 walirekodi wimbo uliotokana na hadithi ya mahubiri ya baba yake. Hadithi yenyewe ni hii. Tai aliwabeba wanyama mgongoni, akawaangusha, akawala. Siku moja akambeba tumbili. Tumbili akamzungushia mkia shingoni, akakaza! Wimbo huo ulipendwa mno. Tangu hapo watu waliisifu sauti ya Nat kuliko hata piano yake.

Lakini sifa haikumwepusha na ubaguzi. Mwaka 1948 alinunua nyumba katika mtaa wa Wazungu. Majirani walimkataa. Yeye alihamia vivyo hivyo. Mwezi Aprili 1956 wabaguzi walimvamia jukwaani mjini Birmingham, wakamwangusha chini.

Tarehe 5 Novemba mwaka huo huo alianza kipindi chake cha televisheni. Aliimba, alipiga piano, alikaribisha wageni. Kila wiki Mtu Mweusi aliingia sebuleni mwa Wazungu, tena kama mwenyeji!

Sasa jiulize, msomaji: nani hulipia kipindi kama hicho? Huko Marekani hulipa makampuni yanayotangaza bidhaa zao. Makampuni makubwa yalisita. Yaliogopa kwamba wanunuzi Wazungu wa kusini watasusa bidhaa zao. Basi shirika la televisheni, NBC, likabeba gharama. Wasanii wenzake, kama Ella Fitzgerald na Harry Belafonte, walikuja kwa malipo madogo. Watazamaji walikuwepo. Mlipaji hakupatikana. Desemba 1957 Nat mwenyewe aliamua kuacha.

Aliendelea kuimba na kurekodi. Alivuta sigara nyingi kila siku, akidhani zinaifaa sauti yake. Alikufa kwa kansa ya mapafu tarehe 15 Februari 1965. Umri wake ulikuwa miaka 45.